Soma Namba ya Chini: Maneno kwa Vijana wa Gemu wa Mwanza

Hotuba niliyoitoa Ilemela mbele ya vijana wanaocheza gemu za kurushiana risasi mtandaoni, pamoja na baadhi ya wazazi wao. Nimeiandika karibu kama nilivyoisema.

Shikamooni wazazi wangu mliokaa viti vya mbele. Vijana, marahaba. Nawaona wa Igoma, wa Nyegezi, wa Buzuruga, na wapo waliovuka maji asubuhi hii kwa kivuko cha Kamanga. Ahsanteni kwa kuja.

Nimeombwa nizungumzie takwimu za mechi. Kazi yangu ni kufundisha hisabati sekondari, na jioni nikishamaliza kusahihisha madaftari nacheza kama ninyi mnavyocheza, kwa hiyo ombi hili limenifurahisha sana. Sitagusa bunduki ipi kali wala sehemu gani ya ramani ni nzuri kushukia. Nataka tuutazame ule ukurasa unaofunguka mechi ikiisha: umeua wangapi, umekufa mara ngapi, demeji (madhara uliyowapa maadui) kiasi gani, hedishoti (risasi za kichwani) asilimia ngapi. Wengi mnautupia jicho, mnapiga picha ya skrini, mnaituma kwenye grupu, kisha kidole kinakimbilia mechi nyingine. Ukurasa ule unastahili heshima kuliko hiyo.

Nina jambo moja tu, na mengine yote nitakayosema yanatoka humo. Karibu kila namba iliyoandikwa pale ni jibu la kugawanya. Shule ya msingi mlifundishwa sehemu: juu ya mstari kiasi, chini ya mstari asili. Wachezaji wengi wanaijua namba ya juu peke yake. Mtu anakwambia ameua 200, au K/D yake, yaani kwa kawaida aliowaua gawanya kwa mara alizokufa, ni 3, na hajui idadi hiyo imegawanywa kwa nini, katika mechi ngapi, dhidi ya akina nani, kwenye mtandao wa namna gani. Leo nataka tushuke chini ya mstari.

Tuanze na hiyo K/D, maana ndiyo inayogombanisha watu. Chukua gemu ya timu mbili, watano kwa watano, kama Counter-Strike au Valorant. Kila anayekufa kuna aliyemuua. Ukijumlisha kuua kote kwa wachezaji wote kumi, kisha ukajumlisha kufa kwao kote, hesabu mbili zinakaribiana kabisa, hivyo wastani wa K/D wa chumba kizima ni 1. Haiwezekani wote wawe juu ya 1. Kila mwenye 1.5 kuna wenzake waliobeba upungufu ule. Nimesikia vijana wakimwambia mwenzao mwenye 0.9 kwamba hajui kucheza, na inaniuma, kwa sababu 0.9 ni mtu wa katikati kabisa.

Hata kwa wachezaji wanaolipwa mishahara hesabu ni hiyo hiyo. Tovuti ya HLTV, inayofuatilia mashindano ya Counter-Strike duniani, mwaka 2010 ilianza kumpa kila mchezaji alama moja ya jumla, ambapo 1.00 ni mchezaji wa wastani. Kanuni ile ya kwanza ilitumia wastani wa kuua 0.679 kwa kila raundi, na wastani wa kubaki hai raundi 0.317, yaani karibu raundi 32 kwa kila 100. Tulieni hapo kidogo. Hao ni watu wanaofanya mazoezi kutwa, wana makocha, wana mtandao wa nguvu, na bado kwa wastani kila mmoja anakufa karibu mara mbili kwa kila raundi tatu, wala haui hata mtu mmoja kwa raundi. Na mtu mwenye kalamu atoe 0.317 kwenye 1: anapata vifo 0.683. Mbele yake kuna kuua 0.679. Namba mbili karibu zifanane, kama nilivyosema. Ile tofauti ndogo ina sababu zake, kwa mfano mtu akifa kwa bomu lililolipuka au akianguka kutoka juu, hakuna aliyehesabiwa kumuua.

Sasa njooni kwenye gemu nyingi zinazochezwa hapa kwetu kwa simu, ambapo watu wanashuka kisiwani na anabaki mmoja au skwadi moja, yaani kikosi kimoja. PUBG Mobile inajaza watu 100. Mechi ya mtu mmoja mmoja ikiisha amebaki mmoja, kwa hiyo vifo ni 99 tu. Gawanya kwa watu 100: kila mtu kwa wastani ameua 0.99. Kijana anayeua mmoja kila mechi, ambaye grupu zima linamdharau, yuko kwenye wastani wa dunia. Kushinda nako ni hivyo hivyo. Skwadi za watu wanne ziko 25, hivyo kwa bahati tupu kila skwadi ingeshinda asilimia 4 ya mechi zake. Ukikuta skwadi inashinda asilimia 8, wale ni mara mbili ya bahati, na wanajua wanachofanya. Lakini kijana anatoka kwenye gemu ya timu mbili alikozoea kushinda nusu ya mechi, anaingia hapa, anaona asilimia 8, anakata tamaa. Amelinganisha sehemu mbili zenye asili tofauti.

Kuna boti pia. Wengi wenu mnajua kwamba kwenye ranki (ngazi) za chini gemu hizi zinajaza nafasi kwa wachezaji wa kompyuta. Tuseme lobi, yaani kundi la mechi moja, ina watu 60 na boti 40, na boti hazijaua mtu yeyote. Vifo ni vile vile 99, ila sasa vinagawanywa kwa watu 60, na wastani unapanda hadi 1.65. Hakuna aliyeongeza ustadi. Ndiyo maana mtu akipanda ranki, boti zikapungua, K/D yake inaporomoka, naye anadhani amerogwa. Hapana, ndiyo kwanza amekutana na watu.

Tena hata K/D yenyewe haihesabiwi namna moja kila mahali. Kuna gemu zinazogawanya kwa vifo, na kuna zinazogawanya kwa mechi ulizocheza. Kwenye gemu ya kubaki hai tofauti hiyo si ndogo, kwa sababu ukishinda hujafa. Mtu aliyeua 40 katika mechi 20, akashinda 4, ana 2.0 ukigawanya kwa mechi. Ukigawanya kwa vifo vyake 16, ana 2.5. Ni mtu yule yule, wiki ile ile. Kabla hamjabishana nani zaidi, fungueni maelezo ya gemu mwone inagawanya kwa nini.

Hedishoti ndiyo imewachanganya wengi zaidi. Kwenye Counter-Strike asilimia ya hedishoti kwa kawaida ni hii: kati ya wote uliowaua, wangapi risasi ya mwisho iliwapata kichwani. Kwenye Valorant, kurasa za takwimu zinahesabu risasi: kati ya risasi zote zilizompata adui, ngapi zilitua kichwani. Asilimia 25 ya Valorant na asilimia 25 ya Counter-Strike ni vitu viwili tofauti kabisa. Kwenye Valorant bunduki ya Vandal ikipiga kichwani inatoa demeji 160, na adui mwenye afya kamili pamoja na ngao nzito ana 150, kwa hiyo risasi moja inatosha. Kifuani kila risasi ni 40, zinahitajika nne. Kwa hiyo ukirusha ovyo kifuani ukaua wengi, asilimia yako inashuka haraka, maana kila risasi iliyompata mtu mwilini inaongeza namba ya chini. Na anayetumia bunduki kubwa ya kulenga mbali, ile ambayo risasi moja ya kifua inaua, hana sababu ya kutafuta kichwa. Hedishoti yake itakuwa ndogo na hana kosa lolote.

Sasa niwape Kulwa na Doto. Ni mfano tu, msianze kutafutana. Wamecheza Counter-Strike timu moja, mechi imeisha 13 kwa 11, yaani raundi 24. Kulwa ameua 18, amekufa 10. K/D yake ni 1.8. Doto ameua 15, amekufa 17. K/D yake ni 0.88. Kwenye grupu usiku huo nani atasifiwa?

Endeleeni kusoma ukurasa. Demeji ya Kulwa ni 1,560. Gawanya kwa raundi 24, unapata 65. Demeji ya Doto ni 2,160, sawa na 90 kwa raundi. Hapo picha inaanza kubadilika. Doto ndiye aliyekuwa anawadhoofisha maadui, Kulwa anakuja kuwamalizia wakiwa na afya kidogo. Halafu tazama Doto anakufa vipi. Anakufa wa kwanza, mlangoni, anapofungua njia, na sekunde chache baadaye Kulwa anamuua yule aliyemuua Doto, kwa sababu adui ameshajionyesha. Kwenye hesabu ya K/D, Doto kaambulia kifo na Kulwa kapata mtu. Kwenye uhalisia wawili hawa wamefanya kazi moja. Ndiyo maana watu wa Counter-Strike wana kipimo kinachoitwa KAST: asilimia ya raundi ambazo uliua, au ulisaidia kuua, au ulibaki hai, au ulikufa lakini mwenzako akalipiza papo hapo. HLTV walipoibadilisha kanuni yao mwaka 2017 waliingiza humo KAST na demeji kwa raundi. Waliona kuua na kufa peke yake kunawaonea akina Doto.

Sisemi Kulwa mchezaji mbaya. Kubaki hai kuna thamani, na mwenye kumalizia anahitajika. Ninachosema ni kwamba timu ikimwambia Doto abadilike awe kama Kulwa, wote watano watakuwa wanangoja mtu wa kwanza kupita mlangoni, na hatapita mtu. Nimeziona timu za mtaani zikivunjika kwa jambo hili hili, na inasikitisha kwa sababu namba za kuwatetea akina Doto zilikuwepo kwenye ukurasa ule ule, mstari mmoja chini.

Tuje kwenye wingi wa mechi. Hapa nawaomba mnisikilize kuliko mahali pengine popote.

Kijana ananijia: "Mwalimu, nimebadilisha mpangilio wa vidole, sasa nashinda asilimia 65." Namuuliza mechi ngapi. Anasema ishirini. Tuchukue mchezaji wa kawaida kabisa, ambaye kila mechi ana nafasi nusu kwa nusu, tumchezeshe mechi 20. Uwezekano wa kushinda 13 au zaidi, yaani asilimia 65 kwenda juu, ni karibu asilimia 13. Katika vijana 100 wa kawaida, 13 watatoka na asilimia ile bila kubadilisha kidole hata kimoja. Sasa tumpe mechi 200. Uwezekano wa mchezaji huyo huyo wa kawaida kushinda 130 au zaidi unashuka hadi mtu mmoja au wawili katika laki moja. Asilimia ni ile ile 65. Kilichobadilika ni asili: 20 ikawa 200. Ya kwanza inaweza kuwa upepo tu. Ya pili hakuna wa kuibishia.

Kwa hiyo usibadilishe mpangilio wa vidole Jumatatu, bunduki Jumanne, skwadi Jumatano, kisha uulize kipi kimekusaidia. Hutajua, na hakuna mtu duniani atakayejua. Badilisha kitu kimoja, kiache mwezi mzima.

Na wastani nao unaficha. Mmoja anaua 2, 2, 2, 2, 2. Mwingine anaua 0, 0, 10, 0, 0. Wote wastani ni 2. Ukiwa unaunda skwadi, hao si watu wa kufanana hata kidogo. Zipange mechi zako kuanzia ndogo kwenda kubwa, tazama ile ya katikati: wa kwanza ana 2, wa pili ana 0.

Wazazi wangu wa Mwaloni pale Kirumba mnanielewa hapa bila hesabu. Usiku wa mbalamwezi taa ya mvuvi haikusanyi dagaa kama usiku wa giza, mnajua wenyewe. Mtu hawezi kuchukua ndoo za aliyevua gizani akazilinganisha na ndoo za aliyevua mwezi ukiwa mpevu, kisha akasema huyu hodari na yule mzembe. Kwanza atauliza walivua siku gani. Vijana wangu, mnapolinganisha K/D zenu, ulizaneni hivyo hivyo: ranki ipi, skwadi ya nani, saa ngapi, mtandao gani.

Hilo la ranki lina jambo moja ambalo likieleweka linawaponya wengi. Gemu hazikupangii wapinzani kwa bahati nasibu. Nyingi zinatumia mifumo inayotokana na kazi ya Arpad Elo, profesa wa fizikia mzaliwa wa Hungaria aliyeishi Marekani, aliyebuni namna ya kupima wachezaji wa sataranji. Shirikisho la sataranji la dunia, FIDE, lilipokea kanuni yake mwaka 1970. Kwa kanuni hiyo, ukimzidi mwenzako pointi 100 unatarajiwa kupata karibu asilimia 64, ukimzidi 200 asilimia 76, ukimzidi 400 asilimia 91. Mfumo wa kupanga mechi unafanya kazi kwa kinyume chake: unatafuta watu ambao tofauti yenu ni ndogo, ili mechi iwe karibu nusu kwa nusu.

Tazameni matokeo yake. Ukipanda, unapewa wagumu zaidi. K/D yako inarudi karibu na 1, ushindi unarudi karibu na nusu. Kijana anafanya mazoezi miezi sita, anafungua wasifu wake, anaona K/D haijasogea, anasema amepoteza muda. Lakini ranki yake imepanda ngazi mbili! Mtu mwenye K/D ya 1.1 mbele ya watu wa Platinamu, ranki iliyo juu ya Dhahabu, na mwenye K/D ya 1.1 mbele ya watu wa Dhahabu si sawa. K/D isiyosogea huku ranki inapanda ni dalili nzuri kabisa, na ningependa kila kijana humu ndani aliyevunjika moyo kwa sababu hiyo alale usingizi leo.

Mifumo hiyo yenyewe inajua kwamba mechi chache hazitoshi. Microsoft walitengeneza mfumo wa TrueSkill, uliotumika kwenye gemu ya Halo 3 mwaka 2007. Unamkadiria mchezaji mpya kuwa 25, na papo hapo unaandika shaka yake: 25 gawanya kwa 3, yaani 8.33. Kiwango cha tahadhari kinapatikana kwa kutoa shaka mara tatu, na jibu la siku ya kwanza ni sifuri. Kila unavyocheza shaka inapungua. Kompyuta haikuamini mpaka ikuone mara nyingi. Nawe usijihukumu kwa mechi za usiku mmoja.

Sasa mtandao, maana najua mmekuwa mkiningoja hapa. Kila mtu wa Mwanza akifa anasema ni pingi, yaani muda wa ishara kwenda kwenye seva, kompyuta inayoendesha mechi, na kurudi. Mara nyingine ni kweli. Mwanga ndani ya waya wa kioo unasafiri karibu kilomita 200 kwa kila milisekunde. Kwenda na kurudi, kila kilomita 100 za waya zinakula milisekunde 1. Sisi tuko mbali na bahari. Ishara inayofuata njia ya Dar es Salaam, zinakotua nyaya za baharini kama SEACOM ya mwaka 2009 na EASSy ya mwaka 2010, inavuka nchi nzima kwanza, ndipo iingie baharini kwenda ilipo seva. Kama njia nzima ni kilomita 9,000, basi milisekunde 90 zimekwisha, na hapo hatujahesabu mitambo ya katikati wala mnara wa simu wa mtaani kwako. Hakuna bando litakaloufanya mwanga ukimbie zaidi. Unachoweza kufanya ni kuchagua seva iliyo karibu, pale ambapo gemu inakuruhusu.

Mtu kwa kawaida anahitaji milisekunde kama 200 mpaka 250 kuona kitu na kubonyeza. Mwenye pingi 150 akikutana na mwenye 40, tofauti ya 110 ni karibu nusu ya muda huo. Si kisingizio, ni umbali. Lakini pimeni! Pingi mara nyingi haiandikwi kwenye ukurasa wa mwisho wa mechi, kwa hiyo iandike mwenyewe ikiwa bado unaiona kwenye skrini. Baadaye zitenge mechi zako mafungu mawili, za pingi chini ya 100 na za pingi juu ya 150, kila fungu ulihesabie K/D yake. Ukikuta fungu la pili liko chini sana, mtandao unakudhulumu kweli na saa zako za kucheza zibadilike. Ukikuta mafungu yanafanana, acha kuulaumu mnara. Na pingi inayorukaruka, mara 40 mara 300, ni mbaya kuliko 110 iliyotulia, hata kama wastani wake unapendeza. Mechi ambayo umeme ulikatika au bando lilikwisha katikati iandike hivyo, uitoe kwenye hesabu ya ustadi. Gemu itaihesabu kama umeshindwa, lakini wewe unajua kilichotokea.

Nimesema andika, na sasa niseme andika wapi. Nunua daftari. La mistari, la kawaida. Data za gemu hazikai milele: mfumo rasmi wa PUBG ya kompyuta na konsoli unaozipa programu nyingine data za mechi unahifadhi mechi za siku 14 tu. Yako yanayokuhusu yaweke mwenyewe.

Na kwenye daftari hilo kuna takwimu moja ambayo ukurasa wa gemu haukupi, nayo naithamini kuliko zote. Ni jinsi ulivyokufa. Kila ukifa, kabla hujabonyeza kitu kingine, andika maneno machache. Alikuona kabla hujamwona. Ulikuwa unabadilisha magazini hadharani. Ulikimbia peke yako ukawaacha wenzako. Ulirudi dirisha lile lile ulilokwisha kuonekana. Duara la usalama lilikubana ukiwa bado unaluti, yaani unaokota silaha. Au mlionana sawasawa, mkapigana sawasawa, akakushinda kwa kulenga. Vifo vikifika hamsini, jumlisha kila aina kwa vijiti.

Wanafunzi wangu waliofanya zoezi hili wengi walikuwa na hakika kwamba tatizo lao ni kulenga. Walikuwa wanatumia saa nzima kila siku kwenye uwanja wa mazoezi wakipiga shabaha. Daftari likaonyesha kwamba vifo vya kushindwa kulenga vilikuwa vichache, na rundo kubwa lilikuwa kwenye kuonekana kwanza na kwenda peke yao. Hayo hayafundishwi na shabaha. Yanafundishwa na kutazama ramani, kungoja mwenzako, kubadilisha dirisha. Msichana mmoja aliacha kabisa kurudi dirisha alilokwisha kupigia risasi, basi, hakubadilisha kingine. Wenzake waliona tofauti kabla yeye hajaiona.

Wazazi, neno fupi kwenu. Kuna tovuti na programu nyingi zinazoonyesha takwimu za wachezaji. Halali inahitaji jina la mchezaji au namba yake ya kitambulisho, au inakupeleka ukurasa rasmi wa gemu wenyewe ukatoe ruhusa. Inayotaka uiandikie paswedi, au namba ya siri iliyoingia kwenye simu kwa ujumbe, ni mwizi, na akaunti itakwenda pamoja na pesa iliyounganishwa nayo. Tanzania ina Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na ipo Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya kupokea malalamiko. Mtoto akija kuwaambia ameibiwa akaunti, msimfokee kwanza. Msikilizeni, mbadilishe paswedi pamoja, kisha mkaripoti.

Na wale mnaouliza kama haya yote si kupoteza muda: takwimu na uwezekano ni mada za hisabati za sekondari, na nimekuwa nikizifundisha kwa mifano ya urefu wa wanafunzi na mvua za mwezi huku nusu ya darasa inasinzia. Kijana anayetaka kwa moyo wake wote kujua kama kweli amekuwa bora kuliko mwezi uliopita amebeba swali la takwimu mfukoni. Ningekuwa mwalimu wa ajabu kama ningemwambia aliweke kando.

Sasa tufanye kazi. Karatasi zinapita, chukueni moja moja. Fungueni wasifu wa gemu mnayocheza zaidi, sehemu ya msimu huu, msichukue ya maisha yote. Andikeni idadi ya mechi juu kabisa, ndipo mfuate kuua, vifo, demeji na ushindi. Chini ya kila jibu mwandike mmegawanya kwa nini. Mwenye mechi chini ya 50 akae na mwenye mechi nyingi, wafanye za huyo wa pili pamoja. Wa Free Fire upande wa dirishani, wa PUBG Mobile katikati, wa Call of Duty huku kwangu. Wazazi, kila mmoja akae na kijana wake, na mkiona hamuelewi namba fulani mwulizeni yeye awaeleze. Nitapita meza kwa meza.